Kijiko cha Jong-ha

Kijiko kilikuwa kimesimamishwa wima katikati ya wali, na Bun-rye alikichomoa kabla kamera haijawashwa.

"Nani kafanya hivi?" aliuliza. "Kijiko husimamishwa kwa maiti. Mwanangu hajafa."

Binti mpanga vifaa aliinamisha kichwa. Alijitetea kwamba kwenye filamu mwana ameshakufa, ndiyo maana akaandaa bakuli la tambiko. Bun-rye alikilaza kijiko pembeni ya bakuli, mahali pa kijiko cha mtu aliyechelewa tu kurudi. Katika nyumba yake hiyo hiyo, kijiko cha mwanawe kimelala hivyo tangu Mei ile askari walipoingia mji wa Gwangju, Korea, na kuua raia, mwaka wa ishirini na sita sasa. Jong-ha alitoka asubuhi na shati lake jeupe, akasema atarudi kula. Hapakuja maiti wala barua.

Waliodai kumwona, lakini, walikuwa tele. Wengine walimwona gerezani, wengine Japani, wengine akiuza samaki Busan, na kila mmoja alitaka nauli kwanza. Matapeli hao ndio waliomfundisha Bun-rye kuficha alama moja ya kumtambua atakayesema kweli. Kifungo cha pili cha shati lile alikishona kwa uzi mwekundu, kwa sababu mweupe ulikuwa umekwisha. Hilo hakumwambia mtu, hata marehemu mumewe.

Basi watu wa filamu walipokuja kutafuta nyumba yenye jiko la kizamani, aliwapa yake bila kubishana. Filamu yenyewe hakuwa na haja nayo. Alijua tu kwamba filamu ya Mei ile itawavuta waliokuwapo, na huenda kati yao yumo mmoja anayejua Jong-ha alikoishia. Kila aliyefika alimwonyesha picha ya mwanawe. Wote walitikisa kichwa.

Aliyemzoea zaidi ni Pyo, mtu wa makamo, aliyesafiri peke yake kutoka Incheon kuomba nafasi yoyote, hata ya bure. Alipewa kuigiza jirani. Siku ya kwanza aliwatazama vijana waliovalishwa sare za askari, akashindwa kuvumilia. Aliwaendea, akawafunga upya mikanda ya kofia za chuma, akawaonyesha bunduki inavyoshikwa mtu akiwa mbioni.

"Maskini, aliwaona kwa karibu," alinong'ona Yeo-jin, mwongozaji.

Bun-rye naye alimwonea huruma, tena huruma ya kweli. Hakumwuliza amempoteza nani, maana Gwangju watu hawaulizani hivyo. Alimwonyesha picha tu. Pyo aliishika kwa mikono miwili, akaitazama muda mrefu, akairudisha. Alisema jina la kijana huyo hakulijua. Bun-rye aliikunja picha, na tangu siku hiyo akawa anamwita mwanangu.

Kilichomkera ni kimoja, Pyo hakula wali wake. Kila akipakuliwa alikunywa mchuzi peke yake na kusingizia tumbo.

"Tumbo gani hilo la mwezi mzima?" Bun-rye alimtania. "Au wali wangu una mchanga?"

"Wali wako hauna neno, mama. Mimi ndiye sina pa kuuweka."

Siku ya mwisho lilibaki onyesho moja fupi. Jirani aingie, apige magoti mbele ya bakuli la mwana, kijiko kikiwa kimelazwa kama Bun-rye alivyotaka, ashushe pumzi, atoke. Yeo-jin alisema halihitaji hata mazoezi. Bun-rye alisimama karibu na jiko, na kamera ikawashwa.

Pyo aliingia, akapiga magoti. Pumzi hakuishusha. Alikaa akilitazama bakuli mpaka mvuke ukaisha, kisha akakichukua kijiko na kukisimamisha wima katikati ya wali.

Aliinuka, akasujudu mpaka paji la uso likagusa sakafu. Mara moja ni heshima ya aliye hai, na Bun-rye aliomba moyoni aishie hapo. Pyo aliinuka, akasujudu mara ya pili, kama wanavyosujudiwa wafu.

Hakuna aliyezima kamera.

"Mwanangu," Bun-rye alisema, "nani kakwambia amekufa?"

Pyo hakuinua uso.

"Kifungo cha pili, mama. Kile cha uzi mwekundu. Ndicho nilichokilenga."