Helmeti Isiyovuliwa

Kwa sheria ya ligi ya vyuo, mchezaji wa futiboli ya Kimarekani havui helmeti, hata akilala, mpaka timu yake ifungwe. Timu ya Mbwambo haikuwa imefungwa tangu binti yake azaliwe.

Siku ile, dakika za mwisho, aliuachia mpira kwa makusudi ili wapinzani waunyakue. Mwenzake akaudaka, akafunga.

"Hongera, Baba Nakijwa," mkewe alimwambia nyumbani, akipenyeza mrija wa uji kati ya nondo za helmeti. "Mmeshinda tena." Hakumtazama.

Kwenye runinga, walioshindwa walikuwa wakivua helmeti na kubusiwa na watoto wao. Nakijwa aliziona zile nyuso tupu, akajificha nyuma ya bega la babaye.

"Baba," alinong'ona, "wewe usije ukawa kama wale."