Alama ya Rangi ya Kucha

Fundi seremala alikuwa ametoka kuapa mbele ya hakimu kwamba vyombo vya mtalaka wake hajavitia machoni. Wakati wa mapumziko waliketi barazani, yeye huku, mwanamke kule, karani wa mahakama katikati.

Mama wa seremala akaingia akihema.

"Kula, baba. Tangu asubuhi hujatia kitu tumboni."

Akaweka hotipoti kwenye benchi. Ubavuni ilikuwa na doa jekundu la rangi ya kucha, alama ileile ya vyombo vyake ambayo mtalaka alimtajia hakimu.

Seremala akakosa pa kuuweka uso.

"Nawe mkwe wangu, sogea," mama akasema. "Kinatutosha wote."

Karani akainuka kwenda kwa hakimu.

"Keti, kaka," mtalaka akamwambia taratibu. "Mwache ale kwanza."