Kiunzi cha Mwisho

Salha alikuwa ameshinda vikombe vingi vya kuruka viunzi kwa farasi, lakini kombe la taifa lilimponyoka kila mwaka. Safari hii alikuwa anaongoza, na kilibaki kiunzi kimoja tu, gogo kubwa lililolazwa juu ya mtaro wa maji. Hapo ndipo alipomhisi farasi wake, Kimbunga, akichechemea mguu wa mbele.

"Ruka, mwanangu! Kimoja tu!" alipaza sauti mwalimu wake, Badi, akiwa nyuma ya kamba.

Salha alivuta hatamu. Alijua kwamba akishuka ameshindwa, na kwa umri wake hataitwa tena. Akashuka hata hivyo, akaushika ule mguu. Ulikuwa umevimba na kupata moto.

"Basi, baba," alimwambia farasi, machozi yakimtoka. "Imetosha. Twende nyumbani."

Lakini Kimbunga hakugeuka. Salha mwenyewe ndiye aliyemfundisha, tangu angali mdogo, kwamba mbele ya kiunzi hakuna kusimama. Masikio yakamsimama, akaanza kuchechemea kulielekea gogo.

"Basi! Nakuomba, basi!"

Salha alizungusha hatamu mkononi, akakita visigino kwenye tope, na farasi akazidi kumburuta.