Herufi Nane za Baudouin

Concessa alichonga jina la mume wake kwenye nta kwa ncha ya sindano, herufi moja baada ya nyingine, kutoka kwenye utambi hadi kwenye kitako. Baudouin: herufi nane. Kisha alichovya kidole gumba kwenye mafuta na kuupaka mshumaa, akianzia upande wa kifua chake na kuishia upande wa dirisha. Dirisha lilitazama kusini, na huko kusini, mbali sana, ndiko ilikokuwa Bukavu. Hakurudisha kidole nyuma hata mara moja.

Mwelekeo wa mkono ulikuwa na uzito kuliko yote. Christina, mwenye duka dogo la mishumaa huko Sundbyberg, alikuwa amemweleza hivyo kwa Kiswidi cha polepole: anayekosea mwelekeo hupata kinyume cha alichotaka. Concessa alikuwa akisafisha ofisi ng'ambo ya barabara hiyo, na alipita mbele ya duka kwa wiki tatu kabla ya kuthubutu kuingia. Mchungaji wake angeuita huo uchawi, bila kumumunya maneno.

Christina hakuuliza mengi. Alimwonyesha rafu na kumfafanulia rangi: kijani kwa kazi na karatasi, njano kwa masomo, nyeupe kwa asiyejua aombe nini. Aliposikia kwamba habari yenyewe ilimhusu mume aliyekuwa Bukavu na ombi lake la kuja Uswidi, alinyoosha mkono bila kusita.

"Kwa mume aliye mbali, watu huchukua mwekundu."

"Buluu ni ya nini?" Concessa aliuliza.

"Ya amani nyumbani."

Alichukua wa buluu.

Ilikuwa Novemba 2010, na ombi la Baudouin lilikuwa limekaa miezi kumi na minne katika Idara ya Uhamiaji. Kila Jumamosi mshumaa uliwaka juu ya meza ya watu wanne, ambayo kiti chake kimoja tu ndicho kilichochakaa. Kwenye ngazi za jengo alimoishi, watoto wa mtaa wa Alby walikimbizana wakiitana kwa Kiswidi. Concessa aliwasikiliza mpaka milango yao ilipofungwa, mmoja baada ya mwingine. Baada ya hapo hakukuwa na kitu cha kusikiliza.

Jumamosi moja, saa sita mchana, Baudouin alipiga simu. Concessa alisimama wima kabla ya kupokea, akaiweka kwenye sikio la kulia, maana la kushoto halikusikia vizuri tangu walipokuwa wakiishi pamoja Bukavu. Mume wake alitaka kujua kila kitu: nani aliketi kando yake kwenye treni, nani alimtembelea, kwa nini juzi simu iliita mara tano kabla hajapokea. Alimjibu yote, kwa utaratibu, mpaka salio la huko lilipokwisha.

Jumapili, kanisani Tumba, Baudouin aliombewa kwa jina. Madeleine, kiongozi wa akina mama, ndiye aliyetangulia, mikono juu, jasho likimtiririka hata katika baridi ile. Watu arobaini waliomba kwa sauti. Concessa alifumba macho na kusogeza midomo. Watu arobaini, na yeye alikuwa na mshumaa mmoja.

Baada ya ibada Madeleine alimshika mkono mbele ya wenzake. "Weye utalala peke yako mpaka lini, kama samaki mu frigo? Akifika huyo bwana, hata kwenye kwaya hatutakuona tena."

Wanawake walicheka. Concessa naye alicheka, akachelewa kidogo. Alitamani mmoja wao amuulize jambo jingine, lolote lile: mgongo wake, kazi, alichopika jana. Wote waliuliza kama barua imefika.

Barua ilifika Ijumaa moja, mshumaa ukiwa umebaki kipande kifupi kama kidole, na jina limeyeyuka hadi herufi ya mwisho. Aliifungua akiwa bado amevaa koti. Aliisoma mara tatu, kamusi ikiwa pembeni, asiamini. Hati za mwombaji hazikutosha. Ombi lilikuwa limekataliwa. Aliketi sakafuni na kulia.

Alikuwa bado pale sakafuni Madeleine alipopiga simu kuhusu mazoezi ya kwaya na kusikia kilio. Kabla ya saa moja kupita, alikuwa mlangoni pamoja na Mzee Aristide, ambaye kanisa zima lilimtegemea kwa barua za serikali. Mzee aliketi mezani, akaanza kuandika rufaa kwa mwandiko wake mzuri wa ualimu. Madeleine alimkumbatia Concessa mpaka kifua chake kikatulia.

"Lia, dada, lia," alisema. "Lakini hatuachi. Tutafunga siku saba kanisa zima. Huyu bwana atafika tu."

Mzee Aristide alieleza kwamba walikuwa na siku ishirini na moja, na kwamba ilibaki saini tu. Concessa aliomba atie saini atakapokuwa ametulia. Posta angekwenda mwenyewe. Walimwombea, wakamwachia bakuli la sombe, majani ya muhogo, lililokuwa bado la moto, wakashuka ngazi.

Alingoja mpaka hatua zao zilipotoweka. Kisha aligeuza ufunguo, akaichana rufaa vipande vidogo vidogo, akaibusu barua ya Idara na kusema asante mara mbili, mara moja kwa Mungu na mara moja kwa mshumaa, kwa kuwa hakujua ni nani aliyemsikia. Akachukua simu ili ampigie mtu amweleze habari hiyo njema, akayapitia majina yote hadi la mwisho, akairudisha mezani.