Mkamwana wa Mama Felisian

Gaudensia alivua kandambili ya kushoto, akaibusu, akaiweka kichwani kama taji.

Benchi zima likasogea. Mzee mmoja mwenye mkongojo, aliyelalamika tangu asubuhi kwamba kiuno hakimruhusu hata kugeuka, ndiye aliyefika mbali zaidi.

Walikuwa wametoka Bunda alfajiri, yeye na mama mkwe wake, mtoto mgongoni. Bunda nako hospitali ipo. Lakini Mama Felisian alikuwa kiongozi wa kina mama wa kanisa pale mtaani kwao Nyasura, na kiongozi hawezi kukutwa kwenye benchi la wagonjwa wa akili, kila anayepita anampa shikamoo. Heri Musoma, ambako hakuna anayekujua. Na njia nzima alikuwa akirudia neno moja: leo tu. Wasipoonwa na daktari leo, hapa hawakanyagi tena.

Basi kwenye hiyo Musoma isiyojua mtu, akatokea Jeska. Jirani yao wa ukuta kwa ukuta, mwanakwaya, amekuja kung'oa jino. Jino lilikuwa limeshatoka na mdomo umejaa pamba, ila haijapatikana bado pamba ya kumnyamazisha Jeska.

"Mama Felisian! Na huku mmefuata..." Akasoma kibao cha mlangoni: AFYA YA AKILI. Macho yakamtoka. Hapo ndipo kandambili ilipopanda kichwani.

"Yesu na Maria! Kumbe ni huyu?"

Mama Felisian aliukumbatia mkoba wake. Alikodolea macho pembe ya dari, kana kwamba msaada ungeshukia hapo.

"Tangu lini, mama?"

"Tangu nijifungue!" Gaudensia alidakia. "Nimezaa sangara! Huyu hapa mgongoni, mguse magamba!"

"Maskini ya Mungu. Alikuwaga binti mtulivu huyu." Jeska akashusha sauti, ikabaki inasikika mpaka maabara. "Ni hayo masomo ya jioni. Mwanamke anayenyonyesha, unampaje vitabu? Vitu vinagongana humo ndani."

"Nyamaza," Mama Felisian alinong'ona. Hakumtazama mtu.

"Haya, nanyamaza. Lakini mtoto si mngemchukua? Mnamwachaje mgongoni kwa kichaa?"

"Mtoto yuko salama kwake."

Jeska akatikisa kichwa kwa huruma, ile huruma inayopita nyumba kwa nyumba kabla ya chakula cha jioni. "Mama, hapa mtapewa vidonge, atanenepa bure. Mpelekeni Buswahili. Kuna mzee kule anawafunga mguu kwenye gogo. Mjomba wangu alikaa gogoni masika nzima, akatulia kabisa."

"Akapona?" mzee wa mkongojo aliuliza kutoka alikokimbilia.

"Alikufa. Lakini alitulia."

Mama Felisian akainuka ghafla, mkoba kifuani. "Twende nyumbani," alisema. "Twende, mwanangu. Basi. Tumeshindwa."

"Mnaenda wapi na zamu yenu inakaribia?" Jeska alimkalisha kwa mkono, naye akajipachika katikati yao. "Tulia, mama. Nitaingia na nyie, nimweleze daktari mwenyewe, maana wewe una aibu. Na Jumapili tutamwombea kwa jina. Ila wale watoto wa chekechea ya kanisa asiwafundishe tena. Hilo namwambia katekista leo leo, nikishuka tu kwenye gari."

Hilo lilimfika Gaudensia. Watoto wale ndio waliomwita mwalimu kabla mtu mzima yeyote hajamwita hivyo. Kwa ajili yao alikuwa akienda darasani jioni, maziwa yakimvuja kwenye blauzi, akiamini mwakani atapata cheti. Kandambili ilitikisika kichwani, ikataka kuanguka.

Akaishika. Akamtazama mama mkwe, ambaye sasa alikuwa akitikisa kichwa polepole, hapana, hapana, akielekea dari. Akautazama mlango wa daktari.

Kisha akanyoosha mkono, akalinyofoa wigi la Jeska na kumvisha mtoto.

"Sangara ameota nywele!" alipaza sauti. "Haleluya!"

Mtoto akacheka. Korido nzima ikacheka. Jeska akabaki na mabutu yake manne kichwani, pamba imemtoka mdomoni, hajui aokote nini kwanza. Gaudensia akamsogelea na meno nje, kama anayechagua pa kuanzia kung'ata.

"Kichaa!" Jeska alipiga yowe, akalipokonya wigi, akajitanda kanga na kutimua mbio. "Kichaa kamili! Nyasura yote itajua leo!"

Sauti yake iliwafikia hata alipokwisha pita geti.

"Anayefuata!" Muuguzi Chrispin aliita kutoka mlangoni.

Watu wote wakampisha Gaudensia, miguu wameikunja chini ya mabenchi. Mama mmoja akafanya ishara ya msalaba.

Gaudensia hakwenda popote. Alipiga magoti mbele ya mama mkwe wake, akamrekebishia kilemba, akampangusa jasho kwa ncha ya kanga.

"Ameondoka, mama," alisema kwa upole. "Ingia sasa. Mwambie daktari yote ambayo zile sauti zinakuamuru, hata yale yanayomhusu mtoto."