Linki ya Kushoto

Nati ilizunguka tena pamoja na bolti yake, na Shebe akaitupa spana mchangani. Begi la mkewe lilikuwa tayari kwenye kiti cha nyuma. Mwanahawa mwenyewe alisimama kando ya gari, amevaa baibui la safari, akisubiri kupelekwa kwa mama yake.

"Ningekuwa nimeshafika kwa miguu, Baba Kulthumu."

"Nenda basi. Mimi siendeshi gari linalogonga mbele namna hii."

"Miezi yote limegonga hukusikia. Leo ndiyo umepata masikio."

Shebe aliiokota spana, akaipuliza mchanga. Linki mpya ya stabilaiza, kile chuma kifupi cha kulituliza gari, ilikuwa imelegea mahali pake, pale gurudumu la kushoto lilipofunguliwa.

"Hii haikazwi na mtu mmoja," alisema bila kumtazama, akamnyooshea ufunguo mdogo wa bolti. "Shika bolti kwa ufunguo huu, isizunguke."

Mwanahawa alisonya. Kisha akakunja baibui, akapiga magoti, akaushika. Shebe alivuta spana, mkewe akazuia bolti, vichwa vyao karibu vigongane, mpaka nati ikagoma kusogea.

"Haya, imekaza," alisema Mwanahawa. "Twende."

Shebe alilitazama lile begi, kisha akatoa linki nyingine kwenye boksi. "Bado upande wa kulia."

"Na huko kunagonga?"

"Hakugongi."

Mwanahawa alimtazama kwa muda, amechoka naye kabisa. Halafu akazunguka mbele ya gari, ufunguo ungali mkononi, akapiga magoti kando ya gurudumu ambalo halijafunguliwa.