Kafanana na Nani

Shekue alipomleta mwanawe wa miezi saba kwa bibi yake mara ya kwanza, majirani tulijaa. Zamani hapo ndipo penye utamu: huyu anasema pua ya baba, yule anasema masikio ya shangazi, tunabishana mpaka chai inapoa. Siku hizi watu wazima wote tunavaa sura za kuchagua, zinamulikwa usoni na kidani cha shingoni, na kuzima ni aibu kama kuvua nguo. Basi tukamtazama mtoto, tukaishia kusema, "Mashaallah, mnene."

Bi Mwanakombo, mama yake Shekue, hakuridhika. "Shekue baba, zima kidogo. Nataka kujua kama kamchukua marehemu babu yako. Wewe ulikuwa yeye mtupu."

"Mama, mbele ya watu?"

"Hawa walikuona ukikojoa uani. Zima."

Tukacheka. Shekue akabonyeza kidani, uso mzuri ukatoweka. Likabaki paji pana, kidevu chenye kishimo, na jicho moja dogo kuliko lenzake. Alikuwa na mwanawe kama shilingi kwa ya pili. Bi Mwanakombo akapiga kigelegele.

Mtoto akageuka, akamwona aliyembeba. Alilia kilio cha hofu, akijipinda atoke mikononi mwake. Tukamwimbia, tukamtikisia funguo, wapi.

"Washa, mwanangu," Bi Mwanakombo akasema taratibu.

Akawasha. Mtoto akanyamaza, akaunyoshea mkono uso ule mzuri, akacheka. Kama Shekue alikuwa analia, hatukujua. Sura aliyoichagua haina machozi.